Mjomba mdomo umepinda dakika ishirini halafu ukarudi sawa, hiki ni kiharusi au ni upepo?

#1 Mtoto wa Koboko
Habari zenu wakuu. Nina jambo linaninyima usingizi tangu jana na hapa nyumbani kila mtu ana lake. Mjomba wangu, miaka 58, ana duka la vipuri vya pikipiki hapa Koboko, Uganda. Jana saa kumi na moja jioni tumekaa nje tunakunywa chai, akanyoosha mkono wa kulia achukue kikombe, kikombe kikamponyoka, tukadhani chai ni moto. Akataka kusema kitu ikatoka "ki... ki... ile ya..." halafu akanyamaza anatutazama tu. Mdomo upande wa kulia umelegea, chai inamchuruzika kidevuni na yeye hana habari. Shangazi akakimbilia mafuta akaanza kumsugua shingo. Baada ya dakika kama ishirini akarudi sawa kabisa, akauliza nani amemwaga chai. Leo asubuhi amefungua duka kama kawaida.

Shangazi anasema ni upepo mbaya, jirani anasema presha, mzee mmoja hapa mtaani anasema katupiwa kitu kwa sababu ya biashara. Mimi nikisoma naona kiharusi kina aina nyingi. Kinaweza kuja na kuondoka chenyewe? Na hizo aina unazitofautishaje kwa dalili?

#2 Kikuubo Jumla
Pole mkuu. Mimi naungana na shangazi yako. 2019 nililala na feni inanipiga usoni usiku kucha, asubuhi naamka uso umeenda upande, jicho halifungi, nikinywa soda inatokea pembeni. Nilidhani nimekwisha. Wiki sita hivi nikarudi sawa na sikupata kiharusi chochote. Kiharusi ni cha wazee wenye presha, wanaanguka hapo hapo.

#3 Sista Mbarara
Mtoto wa Koboko, kabla ya yote: mtoe dukani leo. Leo, sio Jumatatu. Nimefanya kazi wodi ya wagonjwa wa ndani miaka kumi na moja na stori kama yako nimeisikia mara nyingi, tatizo ni kwamba nyingi naisikia mgonjwa ameshaletwa amebebwa, ndugu ndo wanakumbuka "wiki iliyopita mdomo ulipinda kidogo ukarudi".

Ulivyoeleza inafanana sana na kiharusi cha kupita, kwenye mafaili tunaandika TIA. Bonge la damu linaziba mshipa wa ubongo, kisha linayeyuka au linasogea, damu inapita tena, mtu anarudi. Kurudi kwake sio kupona. Siku mbili za mwanzo ndo hatari iko juu kabisa ya kupigwa na kile chenyewe.

Kuhusu aina: kubwa ni mbili. Mshipa kuziba, hicho ndo kingi duniani kote. Na mshipa kupasuka, damu ikamwagika ndani ya ubongo au kati ya ubongo na utando unaoufunika. Huku kwetu hicho cha kupasuka tunakiona kwa wingi kuliko wenzetu wa Ulaya, kwa sababu presha nyingi hazijawahi hata kupimwa. Halafu hicho cha kuziba nacho kina vyanzo vyake: mshipa mkubwa wa shingo umejaa mafuta, vijimshipa vidogo ndani vimeharibiwa na presha na kisukari, au bonge limetoka kwenye moyo likapanda juu.

Ila dalili zinakuambia ni sehemu gani ya ubongo imeguswa. Hazikuambii kama ni kuziba au kupasuka.

#4 Boda Busia
Sista hapo mwisho sikubali sana. Sisi tunajua cha kupasuka kichwa kinauma vibaya na mtu anatapika, cha kuziba hakiumi. Si ndo tofauti yenyewe?

#5 Sista Mbarara
@Boda Busia una haki nusu. Kichwa cha ghafla kinachopiga kama radi, ambacho mtu anasema sijawahi kuumwa hivi tangu nizaliwe, na shingo kukakamaa, hicho tunahofia damu chini ya utando. Kutapika na kupoteza fahamu haraka pia tunahofia damu. Lakini nimeshapokea mtu anaongea vizuri, kichwa hakiumi, mkono tu umelegea, picha ya CT ikaonyesha damu. Na mwingine anatapika analia kichwa, ikawa ni kuziba. Kwa macho huwezi. Hata daktari bingwa hawezi kuapa bila picha.

#6 Boda Busia
Sawa sista. Lakini kuna ujumbe ulizunguka kwenye WhatsApp kwamba mtu akipigwa, umchome sindano ncha za vidole vyote kumi damu itoke, ndo umpeleke. Jirani yetu alifanyiwa hivo.

#7 Fizio Gulu
Ndugu yangu huo ujumbe umeua watu. Tone la damu kwenye kidole haligusi bonge lililoko kichwani, kinachotoka pale ni muda. Wataalamu walishapiga hesabu, kiharusi kikubwa cha kuziba kinaua seli za ubongo kama milioni 1.9 kila dakika. Sasa hesabu vidole kumi, kutafuta sindano, kubishana nani achome.

@Kikuubo Jumla na wewe ngoja nikurekebishe kwa upendo. Ulichopata 2019 ni ugonjwa wa mshipa wa fahamu wa uso, wenyewe wanauita Bell, na wengi wanauhusisha na virusi kuliko feni. Umesema mwenyewe jicho halikufunga. Angalia paji la uso: mwambie mtu anyanyue nyusi. Kama hata paji halikunji upande ule na jicho halifungi, mara nyingi ni mshipa wa uso. Kama paji linakunja sawa ila mdomo umeshuka, hofia ubongo. Na mjomba wa huyu kijana hakupinda mdomo peke yake, kikombe kilimtoka mkononi na maneno yakapotea. Feni haichukui maneno ya mtu.

#8 Kikuubo Jumla
Fizio nimekusoma, asante. Lakini feni sijairudisha chumbani mpaka leo na sitairudisha 😂

#9 Mpondwe Trela
Mimi dereva wa trela, nataka niseme kitu kuhusu hayo mambo ya mdomo na mkono, kwa sababu mimi yalinipotosha. Taniboi wangu, msaidizi wa gari, tuko njiani kurudi kutoka mpakani akaanza kusema dunia inazunguka, anatapika dirishani, nikasimamisha gari ashuke apumue, kijana anatembea kama amekunywa waragi chupa nzima, anashika hewa, ananiambia anaona trela mbili. Mdomo uko sawa, mikono ina nguvu, anaongea ingawa ulimi mzito kidogo. Askari wa barabarani walikuja wakamnusa mdomo kutafuta pombe. Nikampeleka kliniki moja ya njiani, wakasema malaria, dripu siku tatu. Siku ya nne hawezi kukaa bila kushikwa, ndo tukafika hospitali kubwa, picha ikaonyesha kiharusi kwenye ubongo mdogo wa nyuma, kule kisogoni. Miaka 34. Leo anatembea na fimbo, anauza airtime.

Kwa hiyo sista, wanaotufundisha tuangalie uso, mkono, na maneno, waongeze hicho.

#10 Sista Mbarara
@Mpondwe Trela pole sana kwa kijana. Uko sahihi, na siku hizi wameongeza: mwendo wa kuyumba wa ghafla, na macho, yaani kuona vitu viwili au upande mmoja wa kuona kupotea. Neno la kushika ni GHAFLA. Na kwetu Uganda kila kitu ni malaria mpaka ithibitishwe vingine, hapo ndo tunapoteza watu.

#11 Mkivu Nakivale
Jambo wote. Miye niko kambi ya Nakivale, nyumbani ni Bukavu, Kongo. Kwetu mtu akipinda hivo banasema ni karuho, sumu ya kulishwa, banatafuta mganga wa kutapisha. Dada yangu mkubwa walimtapisha siku mbili. Alikuwa hawezi kumeza vizuri, dawa ikaingia mapafuni, alikufa na kifua, sio na kiharusi. Sisemi karuho haiko, wazee wanajua yao, lakini mtu ambaye koo yake imelegea usimunyweshe kitu.

#12 Fizio Gulu
@Mkivu Nakivale pole sana ndugu. Hii watu waisome mara mbili. Mgonjwa akishalegea usimpe maji, wala uji, wala chai, wala dawa, mpaka amepimwa kumeza. Mlaze kiubavu kama anatapika, muondoke naye hospitali.

#13 Mnubi wa Bombo
Salaam alaykum. Hapo kwenye maneno kupotea ngoja niwaambie ya bibi yangu. Alipigwa upande wa kulia, mkono na mguu. Hakuweza kusema "maji". Anataka maji anasema "ile... ile...", analia kwa hasira kwa sababu anakijua anachokitaka. Lakini adhana ikiadhiniwa, anasoma Al-Fatiha yote kutoka mwanzo mpaka mwisho, bila kukwama, matamshi yamenyooka. Ikiisha umuulize bibi unataka nini, "ile... ile...". Familia iligawanyika mbili, wengine walisema anatudanganya, wengine wakasema ni muujiza. Hiyo ni aina gani?

#14 Mwalimu Masindi
@Mnubi wa Bombo bibi hakuwa anadanganya. Kwa watu wengi maneno ya kutunga yanakaa upande wa kushoto wa ubongo, na huo huo ndo unaoongoza mkono na mguu wa kulia, kwa hiyo vinapotea pamoja. Mwaka 1861 kule Ufaransa daktari Paul Broca alikuwa na mgonjwa aliyebaki na neno moja, "tan", ukimuuliza chochote anajibu tan, na mengi unayomwambia anayaelewa. Alipokufa wakakuta ubongo umeharibika mbele upande wa kushoto. Lakini vitu vilivyokaririwa tangu utoto, dua, nyimbo, kuhesabu, mara nyingi vinabaki, kwa sababu haviko pale pale na maneno ya kutunga.

Na wanaouliza presha inafanya nini, Rais wa Marekani Franklin Roosevelt alikufa 1944 baada ya vita kuisha, presha ilimpasua mshipa wa kichwa.

#15 Mpondwe Trela
Mwalimu, na heshima zote, vita viliisha 1945. Sasa alikufa vipi 1944 baada ya vita?

#16 Mwalimu Masindi
Nimekosea, asante. Ni tarehe 12 Aprili 1945, Ujerumani ilisalimu amri Mei, kwa hiyo alikufa vita bado. Alikuwa amekaa anachorwa picha, akasema kichwa kinamuuma vibaya sana, akapoteza fahamu, saa chache baadaye amekufa. Presha yake siku hiyo ilipimwa 300 kwa 190. Na wakati ule hata yeye na utajiri wote wa nchi yake hakukuwa na dawa nzuri ya presha. Sisi leo vidonge viko, watu wanaacha kwa sababu "najisikia vizuri".

#17 Mama Pacha Lira
@Kikuubo Jumla umesema kiharusi ni cha wazee, naomba nikujibu. Mwanangu ana sikoseli, ule ugonjwa wa damu wa kurithi, kama watoto wengi huku Lango. Alikuwa na miaka sita, P1, darasa la kwanza. Mwalimu wake akaniita, akafungua daftari la mazoezi. Jumatatu herufi zimekaa kwenye mstari, Jumatano zimelala zinashuka kama zinaporomoka mlima. Akaniambia mama, tangu jana huyu mtoto anaandika na mkono wa kushoto, zamani alikuwa wa kulia. Nyumbani nilikuwa nimeona sapatu ya mguu wa kulia inamtoka akitembea na haoni, inabaki nyuma, nikamgombeza kwamba anazembea. Nilimgombeza. Kumbe mtoto alikuwa amepigwa kiharusi na mimi namfokea kwa sapatu.

#18 Kikuubo Jumla
Dada nisamehe. Sikujua kama watoto wanapata. Anaendeleaje?

#19 Mama Pacha Lira
Hakuna tatizo kaka. Yuko P5, anaandika kushoto, mguu unaburuta kidogo akichoka. Anakunywa dawa ya sikoseli, haidroksiurea, kila siku.

#20 Sista Mbarara
@Mama Pacha Lira usijilaumu, dalili ya sapatu hata sisi wenye sare tunaipita. Wenye watoto wa sikoseli ulizeni kliniki zenu kuhusu kipimo cha mawimbi ya sauti kwenye mishipa ya kichwa, kinaonyesha mtoto aliye hatarini kabla hajapigwa, na hiyo haidroksiurea inapunguza hatari. Na vijana nao: homa ya koo ya utotoni inaweza kuacha vali za moyo zimeharibika, mabonge yakawa yanatengenezwa mle ndani. Nimemuuguza msichana wa miaka 22, kiharusi kilitoka moyoni na presha yake ilikuwa nzuri kuliko yangu.

#21 Boda Busia
Sasa mnanichanganya. Presha, moyo, sikoseli, mishipa ya shingo, karuho, feni. Huyu mjomba ni ipi kati ya hizo? Si apewe tu aspirini atulie?

#22 Sista Mbarara
Aspirini ni dawa nzuri sana kwa kiharusi cha kuziba na ni mbaya sana kwa cha kupasuka. Bila picha hujui unampa ya nini. Hospitalini wakishaona hakuna damu wataanza wenyewe. Na pia msiwe mnaongeza vidonge vya presha nyumbani mkiona mtu amepinda. Mama mmoja aliletwa, binti yake alikuwa amempa dozi tatu kwa mpigo, presha ikaanguka, sehemu ya ubongo iliyokuwa inapumua kwa shida ikakosa hata kile kidogo.

Kingine, sukari ikishuka sana mtu anaweza kulegea upande mmoja na kuropoka kama kiharusi kabisa. Mwenye kisukari apimwe kidole mara moja, dakika moja tu, majibu yanakuja.

#23 Mnubi wa Bombo
Hapo kwenye sukari kweli kabisa. Baba yangu Ramadhani moja alimeza dawa za kisukari daku bila kula, adhuhuri mkono umelala, tukaanza kulia kiharusi. Sukari ilikuwa chini mno, alipowekewa dripu akaamka anauliza saa.

#24 Kikuubo Jumla
Basi mjomba anaweza kuwa ni sukari pia? Mtoto wa Koboko ana kisukari?

#25 Fizio Gulu
Watu msisahau upande wa pili. Mmesema sana kulia na maneno. Ukipigwa ubongo wa kulia, kushoto ndo kunalegea na wengi maneno yanabaki, kwa hiyo ndugu wanasema "anaongea, yuko sawa". Nilikuwa na mgonjwa anakula posho na maharage, anakula upande wa kulia wa sahani tu, wa kushoto umebaki na mstari umenyooka kama umekatwa na kisu, anasema nimemaliza, bado nina njaa. Ukizungusha sahani anafurahi, anaendelea. Ukinyanyua mkono wake wa kushoto ukamuuliza huu wa nani, anakuambia wa kwako daktari. Huyo hawezi kukuambia kwamba anaumwa, kwa sababu kwake hakuna kilichopotea. Wewe ndo umpeleke, hata akikataa.

#26 Mtoto wa Koboko
Wakuu nimerudi. Baada ya kusoma post ya sista nilienda dukani, mjomba akakataa kabisa, ana mteja wa injini. Nilipomsomea ya taniboi wa Mpondwe ndo akafunga. Tulichukua taksi mpaka Arua, kama kilomita 55, njia nzima ananiambia nimempotezea siku. Hapo hospitali presha iko juu, 184 kwa 106. Sukari iko sawa @Kikuubo Jumla, hana kisukari. Picha ya CT tumelipa karibu bei ya mbuzi wawili na imetoka safi, hakuna damu, hakuna kitu.

Sasa nimempigia shangazi anasema mmeona, hakuna kitu, ni upepo, rudini nyumbani. Na mjomba naye anavaa viatu.

#27 Sista Mbarara
Asivae viatu. TIA picha ya CT mara nyingi inatoka safi, hata kiharusi kibichi cha kuziba saa za mwanzo kinaweza kisionekane. Picha imewaambia hakuna damu, ni hilo tu. Ombeni moyo usikilizwe, umeme wa moyo, na mishipa ya shingo.

#28 Mkivu Nakivale
Kama picha iko safi na sukari iko sawa, kwa nini haiwezi kuwa ile kitu wazee banasema? Nauliza tu, sista usikasirike.

#29 Sista Mbarara
Sikasiriki ndugu yangu. Ila 184 kwa 106 hiyo tumeiona kwa macho.

#30 Boda Busia
Mimi bado nina swali la muda. Kuna dawa ya kuyeyusha bonge, nimesikia wanachoma mtu anaamka. Kwa nini hawakumpa?

#31 Fizio Gulu
Ipo, inatolewa ndani ya masaa manne na nusu tangu dalili zianze, baada ya picha kuonyesha hakuna damu, na ni ghali, haiko kila mahali. Huyu dalili ziliisha zenyewe, hakuna cha kuyeyusha. Ndo maana daktari swali la kwanza atakuuliza: mara ya mwisho mlimuona mzima ilikuwa saa ngapi? Angalieni saa jamani, muiandike hata mkononi. Mtu akiamka nayo asubuhi tunahesabu tangu alipolala.

#32 Mtoto wa Koboko
Daktari amesikiliza moyo muda mrefu kidogo, amemwita mwenzake naye asikilize. Wanasema mapigo hayaendi sawa, yanaruka. Wamesema inaweza kuwa ndo chanzo, inaweza kuwa presha, wanataka kumuona usiku huu. Wamempa kitanda. Mjomba anauliza nani atampa mteja injini yake.

#33 Mpondwe Trela
Mwambie sisi tutapita Koboko na tutamsubiri. Mungu amsaidie.

#34 Mwalimu Masindi
Afadhali. Mtujulishe kesho.

#35 Dada wa Mutukula
Nimesoma uzi wote kimya. Naomba niulize, mama yangu ana miaka 61, mkono wa kushoto unakufa ganzi usiku akiwa amelala, akiukung'uta unarudi. Lakini juzi ulikufa mchana akiwa anamenya matoke, na kisu kilianguka. Hiyo nayo ni nini?

#36 Sista Mbarara
Dada, hiyo ya mchana ilikaa dakika ngapi? Na mdomo wake mlimtazama?